Kabla mama hajaweka dole kwenye karatasi ya "malipo ya mwisho na kamili", someni huu uzi

Mshika Bomba (mwanzisha uzi)

Wakuu, huu uzi ni mrefu. Asiye na muda sasa hivi auhifadhi, arudi usiku.

Mdogo wangu alikuwa fundi wa skafoldi, yale majukwaa ya kukanyagia wakati wa kujenga. Alianguka asubuhi, zamu haijamaliza hata saa moja, kutoka usawa wa ghorofa ya nne. Ubao mmoja wa kukanyagia haukuwa umefungwa. Kuhusu kuanguka kwenyewe nitaishia hapo, na kampuni sitaitaja.

Ninachotaka kusimulia ni siku ya tatu baada ya mazishi. Walikuja watu wawili, wamevaa vizuri, wamezima simu zao mlangoni. Mmoja alishika bahasha ya kaki. Mwingine alishika karatasi moja pamoja na kile kisahani cha wino wa buluu cha kuchovyea dole, yaani walishajua kabla ya kuja kwamba mama yetu hasomi. Walitoa pole kwa heshima, tena sidhani kama walikuwa wanaigiza. Ndani ya bahasha mlikuwa na fedha sawa na mishahara yake mitatu. Karatasi ilisema familia imepokea "malipo ya mwisho na kamili" na haitadai chochote tena, kwa kampuni wala kwa mtu mwingine yeyote.

Mama alishanyoosha mkono. Hapo shemeji yangu, mke wa marehemu, ambaye hakuwa amesema neno tangu msiba uanze, akauliza: "Hii ni rambirambi au ni fidia?"

Mwenye bahasha akasema, "Ni vyote viwili, mama."

Shemeji akajibu, "Basi andikeni karatasi mbili."

Hawakuwa na karatasi ya pili. Waliondoka na kisahani chao.

Tangu siku ile nimekuwa nasoma. Mimi ni fundi bomba, sheria sikusomea, mwanasheria aliyemo humu anirekebishe. Ila swali la shemeji limenifungua macho kuliko makaratasi yote niliyosoma baadaye. Rambirambi anatoa anayetaka, kiasi anachotaka, siku anayotaka, na ukiipokea unasema asante. Fidia haiombwi, inadaiwa. Na kinachofidiwa sicho nilichodhani. Nilikuwa nawaza hesabu ya kutisha: ndugu yangu ana thamani gani? Hakuna sheria inayojua jibu la hilo, na zilizo nzuri hazijaribu hata kulitafuta. Zinauliza kitu kidogo zaidi: mshahara wake ulikuwa kiasi gani, na ni nani walikuwa wanakula kwenye mshahara huo? Aliyekufa ni mtu, mshahara wake unatakiwa uendelee kufika nyumbani, hata kama ni nusu.

Hili halikuwa wazi tangu zamani. Mwaka 1808 huko Uingereza bwana mmoja aitwaye Baker alikuwa na mkewe juu ya gari la farasi la abiria, likapinduka. Yeye aliumia, mkewe alikufa hospitalini baadaye. Mahakama ikaamua alipwe kwa michubuko yake, na kwa kukosa msaada wa mkewe mpaka siku aliyokata roho. Kuanzia siku hiyo na kuendelea, hakuna kitu. Jaji, Lord Ellenborough, alisema kifo cha binadamu hakiwezi kulalamikiwa kama madhara kwenye mahakama ya madai. Fikiria maana yake kwa tajiri wa kiwanda: ukimvunja mtu mguu unaweza kudaiwa, ukimuua kabisa umemaliza deni. Mpaka Bunge lao lilipotunga sheria mwaka 1846 ndipo mke, mume, mzazi na mtoto wa marehemu wakapata haki ya kudai.

Na hata hapo ilibidi wathibitishe kosa la mwajiri. Nani atathibitisha? Shahidi mkuu amezikwa, mashahidi waliobaki bado wanamtegemea mwajiri huyohuyo kwa riziki.

Naishia hapa kwanza. Waliopitia njia hii waseme, hasa kuhusu zile karatasi.

Mzee wa Gereji

Pole sana kijana wangu. Lakini nitauliza swali ambalo wengine wanaogopa kuuliza. Mdogo wako alikuwa amefunga mkanda? Mimi nina vijana sita gereji, nimewanunulia miwani ya kuchomelea, wanaivaa kichwani kama urembo. Kesho mmoja akipofuka au akafa, nimlipie uzembe wake mwenyewe?

Mshika Bomba

Mzee wangu, hakuwa amefunga. Mkanda wa mwilini ulikuwepo, ule wa kuuunganisha na skafoldi haukuwepo, lakini hata tuseme ulikuwepo.

Swali lako ndilo lililozitesa familia miaka yote hiyo. Mwaka 1837 kijana wa bucha aitwaye Priestley aliwekwa kwenye gari lililojazwa nyama kupita kiasi, likavunjika, akavunjika paja. Mahakama ilimnyima, ikasema angeweza kukataa kupanda. Kijana wa bucha amkatalie bosi wake! Kesi ile na nyingine za enzi hizo zikaotesha mti mzima: kama aliyekusababishia ajali ni mfanyakazi mwenzako, mwajiri hahusiki. Kama uliijua hatari ukaendelea na kazi, uliikubali. Kama ulichangia hata kidogo, umekosa vyote.

Kilichokuja kuukata mti huo ni mapatano. Ujerumani chini ya Kansela Bismarck, sheria ya bima ya ajali ya mwaka 1884, ilisema: waajiri wachangie mfuko, mfanyakazi akiumia au akifa kazini analipwa bila kuulizwa kosa lilikuwa la nani, na yeye kwa upande wake hamshitaki mwajiri. Mwajiri anapata utulivu, familia inapata uhakika. Mjane alipangiwa asilimia 20 ya mshahara wa mumewe, kila mtoto asilimia 15, jumla isizidi asilimia 60. Ona mpangilio huo, mzee. Hakuna aliyepanga bei ya marehemu. Waligawa mshahara.

Waingereza wakafuata mwaka 1897. Wao waliweka kipengele: aliyefanya utovu mkubwa wa nidhamu kwa makusudi asilipwe. Miaka tisa baadaye, 1906, wakakirekebisha: hata kama alifanya utovu huo, akifa au akipata ulemavu mkubwa wa kudumu, malipo yanatoka. Nadhani waliona kwamba adhabu ya uzembe haimpati tena aliyezembea. Yeye hayupo. Inawapata watoto, na watoto hawakuvua mkanda.

Kwa hiyo vijana wako sita, mzee, wakatie bima. Ndiyo dawa yako na yao.

Mzee wa Gereji

Hapo kwenye watoto umenikamata. Ila bado nitawapigia kelele kuhusu miwani.

Kalamu Nyekundu

Mimi nimekaa upande wa pili wa meza. Miaka kumi na kitu ofisi ya utumishi, sasa nimeacha. Nitasema ninachokijua, wanaonijua wanisamehe.

Ile bahasha mara nyingi hutolewa kwa moyo mweupe. Bosi amelia kweli. Karatasi haitoki kwa bosi, inatoka kwa mtu wa sheria aliyepigiwa simu siku ileile ya ajali. Ni vitu viwili vinavyopanda gari moja, ndiyo maana swali la shemeji yako liliwakata pumzi. Kwa sheria za nchi nyingi, karatasi ya kumfanya mtu aachie fidia ya kisheria haina nguvu yoyote. Sisi tulilijua hilo. Tulikuwa tunaipeleka hivyohivyo, kwa sababu mtu aliyeweka dole anaamini ameshafunga mlango, na muda wa kudai unapita akiwa ameamini hivyo. Zipo nchi zinazokupa miezi 12 tu. Karatasi ile kazi yake ni kula hiyo miezi.

Kwa hiyo kwa aliyeshasaini na sasa anasoma huu uzi kwa majuto: nenda kadai tu. Chukua bahasha kama rambirambi, kadai fidia.

Jambo la pili ambalo watu hawaliangalii ni mshahara upi umepigiwa hesabu. Asilimia yoyote utakayoambiwa, nusu, arobaini, sitini, ni asilimia ya kitu fulani. Mtu analipwa mshahara wa msingi, juu yake kuna saa za ziada kila wiki, posho ya zamu ya usiku, posho ya kazi ya juu. Michango ya bima inapelekwa kwa mshahara wa msingi peke yake, tena wakati mwingine umepunguzwa ili mchango uwe mdogo. Siku akifa, familia inalipwa asilimia ya ile namba ndogo. Nimeona mjane akishangilia asilimia kubwa ya mshahara ambao mumewe hakuwahi kuuishi. Tafuteni slipu zake. Si moja, za miezi mingi iwezekanavyo. Na kama analipwa kwa simu, taarifa za miamala ni ushahidi.

Na cha tatu, angalieni fomu ya taarifa ya ajali imeandikwa nini kwenye mstari wa "alikuwa anafanya nini". Nimeshuhudia "alikuwa anafunga ubao" ikigeuka "alikuwa mapumzikoni". Neno moja hilo linaitoa ajali kazini na kuipeleka kwenye bahati mbaya. Ombeni nakala mapema, kumbukumbu za wenzake zikiwa mbichi.

Mshika Bomba

Kalamu Nyekundu, asante kuliko unavyodhani. Kesho naanza na slipu.

Kibarua wa Zamu

Slipu mnazosema nyie wenzetu mmeajiriwa. Sisi tunaandikwa na nyapara kwenye daftari, kwa PENSELI. Mwaka juzi jamaa yetu alifunikwa na udongo kwenye mtaro. Jioni nilipita kwenye kibanda cha nyapara nikaliona daftari liko mezani, ukurasa wa siku ile, mstari wa saba umefutwa. Unaona kabisa karatasi imechubuka na herufi ya kwanza ya jina bado inaonekana ukiinamisha kwenye mwanga. Kampuni kubwa ikasema huyo ni wa mkandarasi mdogo. Mkandarasi mdogo akasema sijawahi kumuona.

Sasa mtu kama huyo fidia yake inatoka wapi?

Kalamu Nyekundu

Ndugu yangu, huo mchezo wa "si wa kwangu ni wa fulani" ni mkongwe kuliko sisi sote. Ile sheria ya Uingereza ya 1897 ilikuwa tayari na kifungu cha kumbana mwenye kazi mkuu kwa wafanyakazi wa mkandarasi wake mdogo. Sheria nyingi za leo zina kifungu cha aina hiyo, kwa hiyo anzeni kudai kwa mkubwa, wa chini atatafutwa naye. Na mkataba wa kazi hauhitaji karatasi ili uwepo. Alikuwa anapangiwa kazi na nani? Analipwa na nani? Vifaa vya nani? Hayo yakijibiwa, ajira ipo.

Ushahidi wenu nyie ni picha. Kila mtu ana simu. Pigeni picha za pamoja kazini na kofia zenu, siku za kawaida, kabla hakijatokea kitu. Na lile daftari lipigeni picha kila mkiandikwa.

Mshika Bomba

Naongezea kwa Kibarua, maana hapa ndipo nilipokaa sana kusoma.

Jengo la Rana Plaza, Bangladesh, 24 Aprili 2013. Jengo la viwanda vya nguo, zaidi ya watu 1,100 walikufa. Siku moja kabla nyufa zilionekana ukutani. Benki iliyokuwa chini ilifunga, wafanyakazi wake wakabaki nyumbani. Washonaji wa juu waliambiwa warudi kwenye cherehani. Nikisoma hapo huwa nasimama kidogo: jengo moja, ufa mmoja, wenye benki wameondoka.

Baada ya hapo ikaja shida ya Kibarua, mara mia kadhaa. Miili mingi haikutambulika, ikabidi ndugu wapimwe vinasaba. Wengine hawakuwa na karatasi yoyote ya kuonyesha binti yao alikuwa mle ndani. Na nchini kwao hapakuwa na mfuko wa bima ya ajali wa kulipa pensheni. Likaundwa baraza la pamoja la serikali, waajiri, vyama vya wafanyakazi na kampuni za nguo, Shirika la Kazi Duniani (ILO) likiwa mwenyekiti asiye na upande. Hesabu ya kila familia ilipigwa kwa kufuata Mkataba namba 121 wa ILO wa mwaka 1964: mshahara wa marehemu, umri wa wategemezi, miaka iliyobaki.

Hesabu ikawa ya fidia. Fedha zenyewe je? Zilikuwa michango ya hiari. Kampuni zilizokuwa zinashonesha nguo zao pale zilichangia zilipotaka, kiasi zilichotaka. Mfuko ulihitaji dola milioni 30 na ulijaa Juni 2015, miaka miwili na ushee baada ya jengo kuanguka. Yaani walipima kwa kipimo cha fidia, wakachota kwenye kapu la rambirambi. Shemeji angekuwepo angewaambia waandike karatasi mbili.

MamaPacha

Naomba niseme kama mjane mwenyewe. Nyote mnaoandika hapa naona ni wanaume.

Mume wangu alikufa kwa mashine. Mimi nilipewa mkupuo, yaani fedha zote kwa mara moja. Niliambiwa nichague, mkupuo au kila mwezi, na kila mtu aliyekaa sebuleni siku ile alisema mkupuo. Shemeji zangu, kaka zangu, hata yule karani. "Chukua zako uzizungushe." Kila mwezi walisema ni kudanganywa, nani ajuaye ofisi itakuwepo?

Ilidumu mwaka mmoja na miezi minane. Sikuitapanya. Tulinunua gari la biashara kwa jina la shemeji mkubwa kwa sababu ndiye mwenye leseni. Gari likaharibika gia, likatengenezwa, likaharibika. Mkopo wa huyu, harusi ya yule, mtu akija analia unamnyimaje wakati wote mnajua zimo benki? Fedha nyingi kwa mkupuo ni kama maji kwenye beseni, kila mtu anaweza kuingiza kikombe. Za kila mwezi ni bomba, zinatoka kidogo, hakuna wa kuja na ndoo. Pacha wangu walikuwa na miaka mitatu zilipoingia. Zimekwisha hawajajua kusoma.

Sijutii kumsikiliza mtu. Najutia kwamba hakuna aliyeniambia hesabu ile iliyokuwa mezani ilikuwa ni ya miaka mingapi.

Kalamu Nyekundu

Dada MamaPacha, pole. Na una haki ya kukasirika, kwa sababu wakubwa wa dunia waliliona hilo zamani. Mkataba wa ILO namba 17 wa mwaka 1925 unasema fidia ya kifo au ulemavu wa kudumu ilipwe kwa vipindi. Mkupuo unaruhusiwa pale tu mamlaka inaporidhika kwamba utatumika vizuri. Kazi ya yule karani ilikuwa kukuuliza maswali magumu kwa niaba yako na pacha, akaishia kuungana na sebule.

Namba Ileile

Mimi nipingane kidogo. Nyumbani tulichukua ya kila mwezi. Mama alipata pensheni ya baba tangu nikiwa darasa la pili. Namba kwenye karatasi ya benki mpaka leo ni ILEILE. Mwanzoni ililipa ada yetu wote na ikabaki. Nilipofika sekondari ililipa yangu peke yangu. Sasa hivi mama akienda kuichukua, nauli inakula robo yake. Bomba zuri, MamaPacha, lakini bomba hilo linazidi kuziba kila mwaka. Ndiyo maana watu wanakimbilia mkupuo, si ujinga.

Mshika Bomba

Hapa nakiri sikuwa nimepawaza. Nimerudi kwenye ule Mkataba 121. Umo ndani: viwango vinatakiwa kupitiwa upya mishahara kwa jumla ikibadilika sana kwa sababu ya gharama za maisha. Umeweka pia kwamba kwa mjane mwenye watoto wawili malipo yafike angalau asilimia 50 ya mshahara, wakati Mkataba namba 102 wa 1952 uliishia asilimia 40. Shida ni kwamba nchi nyingi hazijauridhia. Na kama mshahara ungekuwa unaendelea kwa mtu aliye hai, ungepanda. Pensheni isiyopanda ni mshahara uliogandishwa siku ya mazishi.

Kwa hiyo, Namba Ileile, kabla ya kuchagua, swali la kuuliza ni "inapitiwa kila baada ya muda gani?" Nimeliandika kwenye daftari letu.

Mzee wa Gereji

Nimefuatilia. Mimi naona haya yote ya mifuko na asilimia ni kidogokidogo mno. Kama kampuni imeua kwa uzembe wa wazi, ubao usiofungwa, jengo lenye nyufa, ipelekwe mahakamani ilipe mpaka ione.

Kalamu Nyekundu

Mzee, moyo wangu uko na wewe, ila sikia hii. New York ilikuwa na sheria ya fidia bila kuulizana kosa, ya mwaka 1910. Tarehe 24 Machi 1911 mahakama yao ya juu ikaifuta, ikasema kumlipisha mwajiri asiye na kosa ni kumnyang'anya mali yake. Kesho yake, tarehe 25 Machi, kiwanda cha nguo cha Triangle kikaungua hapohapo mjini New York. Watu 146, wengi wao wasichana wahamiaji, mlango wa ngazi ukiwa umefungwa kwa ufunguo. Wenye kiwanda walishitakiwa kwa jinai, Desemba wakaachiwa. Familia zikaenda kwenye mahakama ya madai kama unavyoshauri. Mwaka 1914 familia 23 zilimaliza kesi kwa dola 75 kwa kila marehemu. Dola 75, baada ya miaka mitatu.

Ilibidi wabadilishe katiba ya jimbo ili sheria ya fidia irudi, na Mahakama Kuu ya Marekani ikaikubali mwaka 1917.

Simaanishi mahakama haina kazi. Zipo nchi ambapo ukipokea fidia ya mfuko umefunga kesi, na zipo ambapo unachukua ya mfuko na bado unashitaki kwa uzembe. Ulizeni hilo kwanza kwa mwanasheria asiyelipwa na kampuni. Ila chakula cha watoto kisisubiri hukumu.

Mbali na Kwetu

Swali fupi. Kaka yangu anafanya kazi nchi ya watu. Likitokea la kutokea, mgeni analipwa sawa na mwenyeji?

Kalamu Nyekundu

Kwa Mkataba wa ILO namba 19 wa 1925, ndiyo, nchi zilizouridhia zinatakiwa kuwatendea raia wa nchi nyingine zilizouridhia sawa na raia wao, na wategemezi wao pia. Na si jambo la nadharia. Mgodi wa Marcinelle, Ubelgiji, Agosti 1956: walikufa watu 262, kati yao 136 Waitaliano. Zaidi ya nusu wageni kwenye shimo moja. Mwambie kaka awe na nakala ya mkataba wake iliyobaki NYUMBANI, si kwenye begi lake huko.

Kifua cha Baba

Mnaongelea kuanguka na kuungua. Baba yangu alikata na kupanga mabati ya asbesto maisha yake yote, akastaafu akiwa mzima. Kikohozi kilianza miaka mingi baadaye. Hakuna aliyekuja na bahasha.

Mshika Bomba

Pole sana ndugu. Na nyie ndio wengi. ILO inakadiria karibu watu milioni 3 wanakufa kila mwaka kwa sababu ya kazi, na wa ajali ni kama 330,000 tu. Waliobaki ni magonjwa. Mkataba namba 18 wa 1925 uliyaweka magonjwa ya kazi pamoja na ajali, lakini mzigo wa kuthibitisha kifua cha leo kilitoka kwenye vumbi la miaka 30 iliyopita mara nyingi umebaki kwa familia. Kama mzee bado yuko hai, daktari aandike historia ya kazi yake kwenye faili sasa hivi. Kama ameshatangulia, tafuteni wenzake wa karakana. Fungua uzi wake, nitakuja kuchangia, huu hautatosha.

Mtoto wa Nje

Jina langu linatosha. Baba alikufa kazini, ukoo ukasema fidia ni mirathi, na mimi kwenye mirathi sikuhesabiwa. Walikuwa sahihi?

Kalamu Nyekundu

Kwa sheria nyingi, hapana. Mirathi ni alichokiacha marehemu. Fidia ya kifo hakuiacha yeye, haikuwepo alipokuwa hai. Inakwenda moja kwa moja kwa waliokuwa wanamtegemea, hata wenye kumdai marehemu mara nyingi hawaigusi. Swali linalokuhusu wewe ni moja: alikuwa anakulea? Kama alikuwa analipa ada yako, wewe ni mtegemezi, ndoa au bila ndoa. Risiti za ada, miamala ya simu, mwalimu aliyemwona akija shuleni. Kama ulikuwa mtoto na hukusaidiwa kudai, waulize kama muda kwako ulihesabiwa tangu utimize umri wa utu uzima. Zipo nchi zinazohesabu hivyo.

Mshika Bomba

Wakuu, nimerudi na mrejesho. Imepita miezi.

Slipu zilipatikana. Si kabatini, tulitafuta kabati lote. Shemeji alikuwa anaosha ile kofia ngumu ya njano iliyorudishwa na vitu vyake, akavuta ule mkanda wa ndani wa jasho, zikaanguka. Amezikunja mara nne nne, slipu kumi na moja, za chini zimelowa chumvi mpaka herufi zimefifia. Nadhani alikuwa anaziweka pale ili asizipoteze akibadilisha nguo za kazi. Saa za ziada zimo, kila mwezi, zote kumi na moja. Ofisi ilikuwa imepiga hesabu kwa mshahara wa msingi. Tulizipeleka, mara ya kwanza wakazirudisha kwa sababu herufi zimefifia, tukazipeleka tena na barua ya mwenzake wa zamu. Wamekubali. Namba imepanda karibu theluthi.

Itakuwa ya kila mwezi. Nimeuliza lile swali la Namba Ileile, karani akanitazama kama nimemuuliza umri wake, kisha akaenda kuuliza ndani. Inapitiwa, lakini si kila mwaka.

Mama naye ameingia kwenye wategemezi, sehemu ndogo.

Kitu kingine sikuwa nimekisema humu, shemeji alikuwa na mimba ya miezi minne wakati wa ajali. Fomu ya wategemezi ilikuwa na mistari mitatu ya watoto, na mitatu yote ilishajaa. Yule karani akachukua rula, akachora mstari wa nne kwa kalamu chini ya mitatu, akauliza jina. Shemeji akasema bado hajazaliwa. Karani akaandika "ajaye", akagonga mhuri pembeni.

Amezaliwa Jumanne iliyopita. Wa kike. Kesho tunapeleka cheti ili waandike jina.